Kabla ya Kumfundisha Mtoto, Tumtazame



Somo la leo limezaliwa na kosa letu wenyewe, kwa hiyo tuanze na kosa hilo.

Wakati wa uchungaji wa likizo, sisi mafrateri wachache tulikuwa kwenye kigango kimoja cha kijijini hapa mkoani Singida. Asubuhi moja akapita mtoto wa kiume, umri wa miaka minane au tisa hivi, peku, dumu la lita tano mkononi, vumbi hadi magotini. Nyuma yake palikuwa na yale mawe makubwa ya kwetu, na jua lilikuwa bado chini. Picha ilikuwa nzuri. Tukaipiga, tukaiweka kwenye kundi la WhatsApp la parokia, tukaongeza maneno machache ya kuomba wafadhili wa viatu kwa watoto wa kigango. Watu waliguswa. Ahadi zikaanza kuingia siku hiyo hiyo.

Jumapili baada ya Misa mama yake alitujia. Hakupaza sauti. Alitusalimia vizuri, akasubiri watu wapungue, kisha akasema: “Mafrateri, huyu mtoto viatu anavyo. Alikuwa anakwenda kisimani. Nani anavaa viatu vya shule kwenda kisimani?” Mtoto alikuwa kando yake, amevaa viatu vyeusi vilivyopigwa kiwi. Hakutuangalia usoni.

Tulifuta picha ile, tukamwomba msamaha mama, tukamwomba msamaha na mtoto, tukaandika kwenye kundi lile lile kwamba tulikosea. Lakini swali halikufutika. Macho yetu yalikuwa mazima, na mtoto alipita hatua chache tu mbele yetu. Je, tulimwona yeye, au tuliona kile tulichokuwa tukikitafuta?

Tuliporudi seminarini tuliitazama filamu moja ambayo tangu hapo tumeijadili mara nyingi. Tunataka kuitumia kama kitabu cha somo hili, kwa faida yetu sisi tunaolelewa kuwa wachungaji, na kwa faida ya wazazi, makatekista na walezi wa Utoto Mtakatifu maparokiani.

Safari ya Jackson na Salome

Filamu hiyo inaitwa Sur le chemin de l'école, yaani “Njiani kwenda shule”. Iliongozwa na Mfaransa Pascal Plisson, ikatoka mwaka 2013, na mwaka 2014 ikapata tuzo ya César ya dokumentari bora nchini Ufaransa. Inachukua muda usiozidi saa moja na nusu. Inawafuata watoto wa nchi nne, na wa kwanza wao ni jirani zetu kabisa: Jackson, mvulana wa miaka 11 wa huko Laikipia nchini Kenya, na mdogo wake Salome.

Mwanzoni tunaona mikono ya mtoto ikichimba mchanga mkavu. Mikono inachimba, inatulia, inachimba tena, hadi maji yanaanza kujikusanya chini ya shimo. Hakuna sauti ya msimulizi inayosema hapa ni wapi wala kwamba kuna shida ya maji. Mtoto wa Ikungi au Mkalama akiona tukio hilo hahitaji maelezo; naye amewahi kuchimba kwenye mchanga wa mto uliokauka. Jackson anafua sare yake mwenyewe. Asubuhi wazazi wanawaaga kwa baraka, baba anawaonya juu ya tembo, kisha wawili hao wanaianza safari ambayo waandaaji wanasema ni kilomita 15 kwenda na kilomita 15 kurudi.

Mtu wa mjini anaweza kudhani hayo ya tembo yamewekwa ili watazamaji wa Ulaya wapate kushangaa. Ndugu zetu wa Manyoni na Itigi, kwenye vijiji vinavyopakana na mapori ya akiba ya Rungwa, Kizigo na Muhesi, hawatadhani hivyo. Jackson anapanda mahali pa juu na kuangalia mbali kabla ya kuvuka. Anamhimiza Salome, anamsubiri, anamhimiza tena. Mara wanakimbia. Ni kaka wa miaka 11 anayefanya kazi ya mchungaji bila kujua kwamba kuna mtu atamwita hivyo.

Wengine watatu wako mbali na sisi. Zahira anaishi kwenye milima ya Atlas nchini Morocco, na kila Jumatatu hutembea saa nyingi pamoja na rafiki zake wawili hadi shule ya bweni. Mfukoni amebeba kuku hai wa kubadilishana na vitu vya kula. (Tulipofika hapo ukumbi mzima ulicheka. Watu wa Singida tunaijua thamani ya kuku.) Carlito wa Argentina humpakia dada yake mdogo kwenye farasi na kupita nyika za Patagonia kwa zaidi ya kilomita 18. Samuel wa India hawezi kutumia miguu yake, na wadogo zake wawili humsukuma kwa kilomita nne kwenye kiti cha magurudumu kilichoungwaungwa, wakipita mchangani na kwenye maji. Gurudumu linapowasumbua, wale wadogo wanabishana, wanacheka, wanalaumiana, wanaendelea. Kati ya watoto wote wa filamu hiyo, hao ndio waliotukaa rohoni zaidi. Hatukuona hata mara moja Samuel akionyeshwa kama mtu wa kuhurumiwa. Ni kaka mkubwa, na wadogo zake wanamsikiliza.

Wapo wanaosema filamu hii ni ya kuwahimiza watoto wapende shule. Ni kweli, na inafaa kwa kazi hiyo. Kwetu sisi, hata hivyo, jambo kubwa zaidi ni jinsi ilivyowaangalia watoto hao.

Kamera inayosubiri

Kuna aina ya dokumentari ambayo haina msimulizi, haina mtaalamu anayeeleza, na haina muziki wa kukuambia sasa lia. Mpiga picha anakaa na watu, anawazoea na wao wanamzoea, kisha anaacha maisha yapite mbele ya kamera. Tunaweza kuiita dokumentari ya kutazama. Mtazamaji hapewi hukumu mkononi. Inambidi naye atazame, afikiri, akosee, atazame tena.

Tuseme ukweli: filamu ya Plisson ina kiasi fulani tu cha aina hiyo. Ukiitazama mara ya pili, angalia kamera iko wapi. Watoto wanapanda kilima, na kamera imeshafika juu inawasubiri. Wanakimbia, na kamera iko mbele yao, kisha iko mbali, kisha iko karibu. Maana yake njia ilijulikana, mahali pa kusimama palichaguliwa, na huenda watoto waliombwa wapite tena. Muziki nao upo, tena mwingi. Zaidi ya hayo, filamu iliwachagua watoto wanaofika shuleni. Yule aliyebaki nyumbani na ng'ombe hayumo, wala yule aliyeacha shule darasa la tano.

Je, hayo yanaifanya kuwa uongo? Kati yetu palikuwa na ubishi mkali, na hatukumaliza kwa kukubaliana. Msimamo wa wengi ulikuwa huu: umbali ni wa kweli, kiti cha Samuel ni cha kweli, na jinsi Jackson anavyomgeukia mdogo wake si kitu ambacho mtoto hufundishwa kuigiza. Lakini anayeionyesha parokiani afahamu kwamba anaonyesha kitu kilichopangwa, na awaambie watu hivyo. Mtoto anayetazama ana haki ya kujua kwamba upande wa pili wa Jackson kulikuwa na watu wazima wenye mashine.

Plisson mwenyewe amesimulia kwamba wazo hili lilimjia akiwa Kenya, karibu na Ziwa Magadi, alipokutana na vijana wa Kimaasai waliokuwa wakikimbia mbugani. Alipowauliza wanakwenda wapi akaambiwa shuleni. Alikuwa amekwenda huko kwa kazi ya kuangalia wanyama na mandhari. Tunalipenda jambo hilo: mtu aliyekuja kwa ajili ya mandhari alisimamishwa na watoto. Miaka michache baadaye alirudi Kenya na kutengeneza Gogo, filamu juu ya bibi aliyeingia shule ya msingi akiwa na miaka zaidi ya 90, akavaa sare na kukaa darasani na vitukuu vyake.

Kutoka Karamoja hadi bwenini

Wengi hawajui kwamba dokumentari ya kutazama ina mizizi mirefu hapa Afrika Mashariki. Mwaka 1968 Mmarekani David MacDougall na mkewe Judith walikwenda Karamoja, kaskazini mashariki mwa Uganda, wakaishi kati ya Wajie, ambao ni wafugaji. Filamu waliyoitoa huko, To Live with Herds, ilionekana mwaka 1972 na kupata tuzo katika tamasha la Venice. Mwaka 1973 na 1974 walikuwa Turkana nchini Kenya.

Jambo walilolifanya linaonekana dogo. Waliwaacha watu waseme kwa lugha yao, kisha wakaandika tafsiri chini ya picha. Kabla ya hapo, katika filamu nyingi za wageni, Mwafrika alionekana bila kusikika. Sauti ya mzungu ilimfunika ikieleza yeye ni nani na anafanya nini. Ghafla mzee wa Kijie anaongea, na mtazamaji wa Ulaya inambidi asome ili amwelewe.

Filamu moja ya wakati huo inatuhusu sana. Ni Kenya Boran ya mwaka 1974, ambayo MacDougall aliitengeneza pamoja na James Blue huko Marsabit. Inawaonyesha wafugaji wa Kiborana wakati barabara na shule vinaingia kwao, na wazee wanapima ni mtoto gani aende darasani na ni mtoto gani abaki na mifugo. Nusu karne imepita. Elimu ya msingi kwetu haina ada, na shule shikizi zimewasogezea watoto madarasa. Hata hivyo, kaa na mzee wa Kinyaturu, wa Kinyiramba au wa Kisukuma kando ya zizi wakati wa kiangazi, usikilize. Hesabu ile ile bado inapigwa, na si kwa sababu mzee huyo ni mjinga au hampendi mwanawe. Anapiga hesabu ya maji, ya umbali, ya ng'ombe waliobaki, na ya mtoto gani ana mkono wa mifugo. Katekista anayefika na kumhubiria juu ya elimu kabla ya kuisikia hesabu hiyo atajibiwa “ndiyo, mwalimu”, na kesho yake mtoto ataonekana malishoni.

MacDougall alipozeeka katika kazi yake aligeukia watoto moja kwa moja. Kuanzia miaka ya 1990 alikaa katika shule ya bweni ya wavulana iitwayo Doon School, mjini Dehradun nchini India, na kati ya mwaka 2000 na 2004 akatoa filamu tano juu yake. Mojawapo, With Morning Hearts, inawafuata wavulana wa miaka 12 hivi katika mwaka wao wa kwanza mbali na nyumbani. Hakuna tukio kubwa. Wanapanga foleni, wanatandika vitanda, wanachokozana, wanakumbuka mama zao bila kutaka ionekane, na kidogo kidogo wanaanza kusema “sisi”.

Ndugu mwenzetu uliyepita seminari ndogo, unahitaji maelezo gani hapo? Tunakumbuka tranka la bati lenye kufuli na jina lililopakwa rangi nyeupe. Tunakumbuka kengele ya alfajiri, maji baridi ya Singida mwezi wa Julai, harufu ya maharage kutoka jikoni, na usiku wa kwanza ambapo bweni zima lilijifanya limelala. Tulikuwa na miaka 13 au 14. Walezi wetu walikuwa wakitutazama, na waliandika walichokiona.

Hapa ndipo penye uzito. Mtoto wa umri huo anaandikiwa neno kwenye fomu, na neno hilo linaweza kumfuata miaka. “Mtulivu, mwenye sala.” Huenda kweli ni mwenye sala, huenda ni mwoga, na hajawahi kupata mtu wa kumwambia kinachomtisha. “Mkaidi.” Huenda ni mkaidi, huenda ndiye pekee aliyethubutu kuuliza swali ambalo wenzake walilificha. Mababa wa Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati ya Optatam totius namba 3 ya mwaka 1965, wanataka vijana wa seminari ndogo waishi maisha yanayolingana na umri wao, akili yao na kukua kwao, chini ya malezi ya kibaba na kwa ushirikiano wa wazazi. Wanataka pia masomo yao yapangwe hivi kwamba kijana akichagua maisha mengine asipate hasara. Kwa maneno mengine, Kanisa linatambua kwamba kijana huyu bado yuko njiani, na seminari haipaswi kumfungia njia.

Miaka saba

Pengine msomaji amewahi kusikia msemo unaohusishwa na Wajesuiti, kwamba ukiwapa mtoto hadi afike miaka saba watakuonyesha mtu atakayekuwa. Mwaka 1964 televisheni ya Granada nchini Uingereza iliuchukua msemo huo na kutengeneza Seven Up!, ikiwahoji watoto 14 wa miaka saba kutoka kwenye familia tajiri na maskini. Michael Apted, aliyekuwa mtafiti kijana wa kipindi hicho, aliwarudia kila baada ya miaka saba hadi walipofika miaka 63, mwaka 2019. Hakuna dokumentari nyingine juu ya kukua kwa binadamu iliyodumu muda mrefu namna hiyo.

Je, msemo ulithibitika? Kwa kiasi, ndiyo. Watoto wa matajiri waliotaja vyuo watakavyosoma, wengi walivifikia. Lakini mmoja aliyekuwa mchangamfu sana akiwa na miaka saba alionekana akiwa na miaka 28 akitangatanga bila makao, na baadaye tena akawa diwani. Mwingine alisema anataka kuwa mmisionari aje Afrika kuwafundisha watu wasiostaarabika. Tulitazamana kidogo ukumbini. Akaja kuwa mwalimu wa hesabu katika mitaa ya watu maskini ya London, na akafundisha pia Bangladesh. Neema ilichukua maneno ya mtoto yaliyokuwa yamepinda na kuyanyoosha taratibu, kwa muda ambao hakuna fomu ingeweza kuusubiri.

Sheria ya Kanisa nayo inaitaja miaka saba. Kanuni ya 97 inasema kwamba mtoto akitimiza umri huo anachukuliwa kuwa na matumizi ya akili. Ndiyo maana tunamwandaa kwa Kitubio na Komunyo. Lakini tuangalie vizuri kanuni inadai nini. Inasema tunamchukulia kuwa mtu anayeweza kufikiri na kuchagua. Haisemi kwamba tumeshamjua.

Walidhani yumo msafarani

Injili zinatupa tukio moja tu la Bwana wetu akiwa mvulana. Luka analieleza katika sura ya 2, aya ya 41 hadi 52. Tumezoea kulihubiri kuanzia hekaluni, pale mtoto anapokaa kati ya walimu akiwasikiliza na kuwauliza. Tunapendekeza kwa leo tuanzie njiani.

Kutoka Yerusalemu hadi Nazareti ni zaidi ya kilomita 100, mwendo wa siku kadhaa kwa miguu. Aya ya 44 inasema wazazi walitembea siku nzima wakidhani mtoto yumo katika msafara, kati ya ndugu na jamaa. Yosefu ni mtu mwenye haki na Maria amejaa neema, na hata hao walitembea siku nzima na dhana. Hawakuwa wazembe. Waliwaamini jamaa zao, kama sisi tunavyoamini kwamba mtoto yuko kwa shangazi. Tofauti yao na sisi inaonekana jioni: walipogundua kwamba walidhani tu, waligeuka na kuirudia njia ile ile.

Na walipompata, Luka anasema wazi katika aya ya 50 kwamba hawakuelewa alichowajibu. Mama hakumlazimisha aeleze zaidi. Aliyaweka yote moyoni. Kisha Injili inanyamaza kwa karibu miaka 18, na kijana anakua, chini ya macho ya watu wawili wanaotazama bila kuelewa yote. Mwalimu wetu mmoja wa Maandiko hupenda kusema kwamba Nazareti ni seminari isiyo na fomu za tathmini. Ni utani, lakini aliutoa wakati wa kipindi cha fomu.

Hayati Baba Mtakatifu Fransisko, katika Amoris laetitia namba 261 ya mwaka 2016, aliwaambia wazazi jambo linalofanana na hilo: mzazi anayehangaika kujua mtoto yuko wapi kila dakika anaweza kabisa asijue mtoto yuko wapi moyoni mwake, anasadiki nini na anatamani nini. Mwisho wa filamu ya Plisson watoto wanne wanakaa mbele ya kamera, na kwa mara ya kwanza wanasema wao wenyewe wanachotamani. Jackson anataka kuwa rubani. Mtoto ambaye dunia yake tumeiona kwa unyayo, kilomita kwa kilomita, anataka kuiona kutoka juu. Hakuna aliyeweza kukisia hilo kwa kumwangalia akichimba mchanga, na ndiyo sababu ilibidi aulizwe.

Zoezi la wiki mbili

Kwa walezi wa Utoto Mtakatifu, makatekista na mafrateri wanaojiandaa kwa uchungaji, tunapendekeza zoezi ambalo tumelifanya wenyewe. Shirika hili la Kipapa lilianzishwa mwaka 1843 na Askofu Charles de Forbin-Janson wa Nancy ili watoto wawasaidie watoto wenzao, kwa hiyo watoto wenyewe washirikishwe tangu mwanzo.

Chagueni njia moja inayotumiwa na watoto: ya shule, ya kisima, ya malisho, ya mafundisho. Ombeni ruhusa kwa wazazi, na muulizeni mtoto mwenyewe. Akikataa, yaishe hapo. Nendeni watu wazima wawili au zaidi, kamwe si mmoja peke yake na mtoto. Mtoto atangulie, ninyi mfuate nyuma kwa mwendo wake. Msimbebee mzigo isipokuwa ameomba, na msimfundishe chochote njiani. Mkirudi, kila mmoja aandike ukurasa mmoja wa alichokiona bila kutumia neno lolote la hukumu. Usiandike “maskini”, andika kwamba shati lina kifungo kimoja. Usiandike “mvivu”, andika alisimama mara ngapi na aliangalia nini. Mtashangaa kuona jinsi ukurasa huo ulivyo mgumu. Mmoja wetu, aliyesoma falsafa miaka mitatu, alibaki na mistari minne.

Kuhusu picha, msimamo wetu sasa ni huu. Picha ya mtoto haipigwi bila mzazi na mtoto kukubali, na haitumwi popote kabla hawajaiona. Kama picha inahitaji mtoto aonekane mnyonge ndipo watu watoe, basi afadhali tukose fedha hiyo. Mahitaji ya kigango yapo na ni ya kweli. Tuyaseme kwa maneno na kwa hesabu, nasi wenyewe tusimame mbele ya watu tukiomba. Wenzetu wachache wanaona tumezidisha, kwamba watu hawatoi bila kuona. Huenda. Lakini wao hawakusimama mbele ya mama yule.

Ukipata filamu ya Plisson na kutaka kuionyesha parokiani, usihangaike kutafsiri kila neno. Watoto wataifuata vizuri kwa macho. Ikiisha usianze kwa kuuliza wamejifunza nini. Waulize waliona nini.

Likizo iliyofuata tulirudi kwenye kigango kile. Tulikwenda kwanza nyumbani kwa yule mama, tukakaa, tukanywa uji, tukaeleza zoezi letu. Alimwita mwanawe. Tukamwuliza kama angekubali tuifuate njia yake ya kwenda shule kesho yake. Alifikiri kidogo, akaangalia viatu vyetu, akasema, “Mtachoka.”

Tulitoka kabla jua halijachomoza. Simu tuliziacha kigangoni. Alitangulia yeye, begi mgongoni, peku, viatu ameviunganisha kwa kamba zake na kuvining'iniza shingoni. Alipita kati ya mawe kwenye vijia ambavyo tusingeviona, akavuka korongo, akakata kona ya shamba la alizeti baada ya kuangalia kwanza kama mwenye shamba yupo. Mara mbili alisimama kutusubiri. Tulipokaribia shule, umbali wa kusikia kengele, alikaa juu ya jiwe moja ambalo kwa jinsi lilivyolainika ilionekana si yeye wa kwanza kulikalia. Akajipangusa miguu kwa nyasi, mmoja baada ya mwingine, polepole, hadi katikati ya vidole. Kisha akavaa viatu vyake, akafunga kamba, akasimama na kututazama kuona kama tuko tayari.